Barua ya Wazi kwa Bodi ya Uhariri: Msikifanye Kiswahili Kuwa Pazia

Kwa Mwenyekiti na Wajumbe wa Bodi ya Uhariri,

KUH: MABADILIKO YALIYOFANYWA KATIKA MSWADA WA TAFSIRI ZA WAANDISHI WEUSI WA MAREKANI

Waheshimiwa,

Ninawaandikia hadharani kwa sababu njia za faragha zimenifika mwisho. Tangu niliporudishiwa prufu, yaani nakala ya kusahihisha kabla ya kuchapa, nimewaandikia barua 3, nimepiga simu ambazo sina hesabu yake, na nimesafiri kutoka Mombasa hadi Nairobi mara 2 ili nizungumze na mhariri msimamizi, ambaye mara zote mbili alinipokea kwa upole, akaniagizia chai, akanisikiliza hadi mwisho, kisha akaniambia kwamba suala langu "liko kwa bodi". Bodi haikujibu. Kilichonifikia badala ya jibu ni taarifa kwamba kitabu kinapelekwa kiwandani, na kwamba jina langu litakuwa kwenye jalada chini ya maneno "Imefasiriwa na". Sitalitaja jina la shirika lenu wala la mtu yeyote wenu katika barua hii, kwa kuwa sikukusudia kumwaibisha mtu; ninyi mnajijua, na wasomaji wanaweza kulijadili jambo lenyewe bila ya kumjua mwenye nalo.

Kwa faida yao nieleze kwa ufupi. Bodi ilinipa kazi ya kufasiri mkusanyiko wa hadithi, insha na mashairi ya waandishi weusi wa Marekani, kuanzia Harlem, mtaa wa watu weusi wa New York, ya miaka ya 1920 hadi miaka ya 1990, kwa ajili ya wanafunzi wa vyuo na wasomaji wazima wa kawaida. Orodha ya waandishi tuliipanga pamoja na bodi ikaikubali kwa maandishi. Kadhaa kati ya walio wakubwa katika orodha hiyo waliwapenda watu wa jinsia yao na wakayaandika mapenzi hayo waziwazi, jambo ambalo halikuwa siri kwa yeyote aliyeketi mezani siku ile. Lakini prufu zilizonirudia ni za kitabu kingine. Weusi wa waandishi hawa umebaki, tena umewekwa mbele kwa fahari, na mapenzi yao yameondolewa, kana kwamba vitu hivi viwili vilikuwa vimeshikizwa kwa uzi mmoja tu, mwepesi wa kufumuliwa.

Malalamiko yangu ni haya.

1. Kiwakilishi "yeye" kimetumiwa kuficha

Ninaanza na hili kwa sababu ndilo linaloniuma zaidi, na kwa sababu mtu asiyefanya kazi ya tafsiri anaweza asilione hata akionyeshwa. Kiingereza humlazimisha msemaji aseme kama anayetajwa ni mwanamume au mwanamke, Kiswahili hakimlazimishi. Sisi tuna "yeye", tuna viambishi vya nafsi katika kitenzi, tuna "mpenzi", "mwenzi", "muhibu" na "laazizi", na hakuna hata kimoja kinachouliza jinsia ya mtu. Ni uzuri wa lugha yetu, na washairi wa pwani wamekuwa wakiuchezea tangu zamani, hata mtu akasikiliza utungo mzima asijue nani anamlilia nani. Mimi nimelelewa katika uzuri huo na sina ugomvi nao.

Sasa mtazameni mshairi Audre Lorde. Alizaliwa New York mwaka 1934, binti wa wazazi waliotoka visiwa vya Karibiani. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alikuwa na shairi la mapenzi ambalo alitaka liingie katika diwani yake mpya. Mchapishaji wake wa Detroit, mtu mweusi naye mwenyewe mshairi, alilisoma akakwama, akamuuliza kama katika shairi hilo amejiweka katika nafasi ya mwanamume. Lorde akamjibu kwamba sivyo, kwamba anampenda mwanamke. Diwani ikatoka mwaka 1973 bila ya shairi hilo. Lorde mwenyewe alikisimulia kisa hiki baadaye, wala hakukisimulia kwa kulia. Alikisimulia kama mtu anayekumbuka siku aliyoulizwa swali akalijibu.

Kilichomkwamisha yule mchapishaji ni neno moja dogo la Kiingereza linalomtaja mwanamke. Nikilifasiri shairi kwa "yeye" na "mpenzi" peke yake, hakuna msomaji wa Lamu wala wa Bagamoyo atakayekwama; atalipitia akidhani kwamba bibi fulani anamsifu mumewe, na atafunga kitabu akiwa hajakutana na Lorde hata kidogo. Kwa hiyo nilifanya ninachoamini kuwa ni wajibu wa mfasiri. Pale ambapo matini chanzi imesema na lugha yangu ingenyamaza, nilitafuta njia ya kuifanya iseme. Niliandika "mwanamke huyu" mara 2 na "bibie" mara 1, mahali ambapo mapigo ya mstari yaliniruhusu, na kazi hiyo ilinichukua wiki nzima. Prufu zimerudi na sehemu zote 3 zimeandikwa "mpenzi wangu". Nilipouliza, niliambiwa: "Mwalimu, hatukubadili maana yoyote. Kiswahili chenyewe ndivyo kilivyo."

Waheshimiwa, Kiswahili sivyo kilivyo. Kiswahili kina neno la mwanamke na kina neno la mwanamume, na kinapotaka kutofautisha hakishindwi; hakuna aliyewahi kufasiri hadithi ya harusi akampoteza bibi harusi katikati ya viwakilishi. Lugha haikunyamaza hapa. Aliyenyamaza ni mtu mwenye kalamu nyekundu, kisha akasingizia sarufi. Tena ninaliona jambo hili kuwa zito kuliko lile la Detroit, kwa sababu kule shairi liliachwa nje, Lorde akajua kwamba limeachwa nje, na baadaye likachapishwa likiwa zima. Hapa shairi limo ndani, lakini limevishwa. Mimi huvaa buibui kwa hiari yangu kila nitokapo nyumbani. Shairi la Lorde limevishwa buibui na watu ambao hawakumuuliza, naye hawezi kujibu, kwa kuwa alifariki mwaka 1992.

2. Wasifu wa waandishi umekatwa nusu

Lorde alikuwa na desturi ya kujitambulisha kwa mfululizo wa maneno: mtu mweusi, mwanamke apendaye wanawake, mama, mpiganaji, mshairi. Aliyataja pamoja makusudi. Alikuwa amechoka kuingia katika vyumba ambavyo kila kimoja kilimtaka alete kipande kimoja na kukiacha kingine mlangoni: wanawake weupe wakimtaka awe mwanamke tu, ndugu zake weusi wakimtaka awe mweusi tu. Wasifu niliouandika uliyaweka maneno yote. Wasifu uliomo katika prufu unasema kwamba alikuwa "mshairi mweusi, mkutubi na mama wa watoto 2". Kila neno hapo ni la kweli, na ndiyo maana ni vigumu kulipinga. Uongo wa namna hii hauna sentensi mtu anayoweza kuinyooshea kidole.

Nitakiri kwamba mimi mwenyewe nilihangaika na neno la pili katika mfululizo huo. Neno ambalo wengi wangelitoa upesi ni "msagaji", na kila anayejua Kiswahili cha mtaani anajua kwamba neno hilo hutamkwa kwa kutema mate. Lorde alijiita kwa jina ambalo wengine walilitumia kama tusi, akalibeba kama cheo. Je, mfasiri amwekee tusi, akitumaini kwamba msomaji ataisikia fahari yake, au amwekee maelezo marefu yenye adabu, "mwanamke apendaye wanawake", ambayo yanapoteza ule ukali? Nilichagua adabu, nikaeleza katika tanbihi kwa nini. Huenda nilikosea. Lakini hilo lilikuwa jambo la kubishania kati ya mfasiri na mhariri, na nilikuwa nikiusubiri ubishi huo kwa hamu. Badala yake tanbihi ilifutwa pamoja na neno.

Tanbihi nyingine iliyofutwa ninaililia zaidi. Kitabu cha Lorde cha mwaka 1982, kinachosimulia maisha yake, kinaitwa Zami. Hilo ni neno la Carriacou, kisiwa kidogo karibu na Grenada alikotoka mama yake, nalo lina maana ya wanawake wanaofanya kazi pamoja wakiwa marafiki na wapenzi. Lorde hakulichukua jina lake kwa Wazungu wa New York wala kwa kitabu cha daktari. Alirudi kwa mama yake na kisiwa chake akalikuta neno limo. Mimi niliposoma hayo nilicheka peke yangu, kwa sababu nililiona neno letu limesimama mbele yangu. Hapa pwani mwanamke humwita rafiki yake wa kike "shoga", na hakuna anayegeuka. Mama yangu alikuwa na shoga zake 4 waliokuja kumsaidia kila shughuli, wakapika, wakaimba, wakalala kwetu. Neno hilohilo likipanda bara huwa tusi la kumtupia mwanamume. Nikaandika tanbihi ya mistari 9 kuyaweka maneno haya mawili, zami na shoga, kando kwa kando, bila ya kudai kwamba ni kitu kimoja, ili msomaji aone jinsi neno la urafiki wa wanawake linavyoweza kubeba mambo mengi na jinsi linavyochafuliwa likivuka mpaka. Aliyesoma prufu alilizungushia wino mwekundu neno "shoga" na kuandika pembeni: "Lugha chafu." Ningemwalika aje Mombasa siku moja asubuhi, asimame sokoni, asikilize.

Wasifu wa James Baldwin, mwandishi wa riwaya na insha, nao umekatwa. Unasema kwamba aliondoka Marekani mwaka 1948 kwenda Paris akikimbia ubaguzi wa rangi. Ni kweli. Aliondoka akiwa na umri wa miaka 24 na dola 40 mfukoni, na ubaguzi ulikuwa umekaribia kumuua au kumfanya aue. Lakini nusu ya pili ya sentensi niliyoiandika, kwamba alitafuta pia mahali ambapo angeweza kuishi na kuandika juu ya mapenzi yake kwa wanaume bila ya kuomba ruhusa, haipo tena, na koma iliyokuwa katikati imegeuzwa kuwa nukta.

3. Dondoo la riwaya ya mwaka 1956 limeondolewa

Tulikubaliana kwamba Baldwin awakilishwe na insha 2 na sura ya kwanza ya Giovanni's Room. Insha zimebaki. Sura imeondolewa, na sababu niliyopewa ni kwamba wahusika wa riwaya hiyo ni weupe, kwa hiyo haina nafasi katika mkusanyiko unaohusu weusi.

Sababu hii ina historia yake, na ninasikitika kwamba bodi haikuijua au haikutaka kuijua. Riwaya ya kwanza ya Baldwin, iliyotoka mwaka 1953, ilihusu kanisa na familia za Harlem, ikasifiwa. Alipowapelekea wachapishaji wake wa New York ya pili, juu ya mwanamume wa Kimarekani na mapenzi yake na Mwitaliano mjini Paris, waliikataa. Baldwin alieleza baadaye kwamba aliambiwa kuwa yeye ni mwandishi Mnegro, kwamba ana wasomaji wa aina fulani wanaotarajia mambo fulani, na kwamba kitabu hiki kingemharibia. Akapata mchapishaji London na mwingine New York, kikatoka mwaka 1956, na hakijaacha kusomwa tangu siku hiyo. Kwa hiyo, waheshimiwa, sababu mliyonipa mimi ilishatolewa zaidi ya miaka 60 iliyopita, na walioitoa walikuwa Wazungu waliodhani kwamba mtu mweusi amepewa somo moja la kuandika, nalo ni rangi yake.

Na hata hilo la kwamba riwaya haihusu rangi si sahihi. Ifungueni. Msimulizi anasimama mbele ya dirisha usiku, anaitazama sura yake katika kioo, na jambo la mapema kabisa analolisema juu ya sura hiyo ni kwamba mababu zake waliliteka bara zima. Aliyeandika sentensi ile ni mjukuu wa watumwa anayeuvaa uso wa Mzungu ili auone kutoka ndani: woga wake, usafi wake wa kujidai, namna anavyomtupa anayempenda ili asichafuke. Katika mahojiano ya mwaka 1984 Baldwin alisema kwamba swali la rangi na swali la mapenzi yamefungamana siku zote. Katika mahojiano hayohayo alieleza pia kwamba majina ambayo vijana wa wakati ule walijiitia hayakumkaa vizuri, na sikuwahi kumbandika jina ambalo hakulitaka. Nilitaka tu sura yake moja isomeke kwa Kiswahili.

4. Harlem imesafishwa

Hili nitalipitia haraka. Mwaka 1926 waandishi vijana wa Harlem, wakiwemo Langston Hughes, Zora Neale Hurston na Wallace Thurman, walitoa jarida lililoitwa Fire!!, ambalo lilitoka toleo moja tu likafa. Ndani yake Richard Bruce Nugent, akificha jina lake la mwisho ili asiiaibishe familia, alichapisha hadithi ya kijana anayempenda mwanamume na mwanamke pia, iliyoandikwa kwa vipande vilivyounganishwa na nukta tatu tatu, kama mtu anayevuta sigara katikati ya maneno. Mara ya kwanza nilipoletewa prufu, nukta zote zilikuwa zimefutwa na vipande kushonwa kuwa sentensi kamili. Nilipinga. Mara ya pili hadithi yenyewe haikuwemo.

Kuhusu Hughes, ambaye shairi lake limebaki, sikuandika lolote juu ya mapenzi yake, kwa sababu yeye mwenyewe hakusema na wanaomchunguza hawakubaliani. Ninalitaja ili msije mkasema kwamba nilikuwa nikimtafuta kila mtu chini ya kitanda.

5. Kifo cha Joseph Beam kimeitwa jina lingine

Joseph Beam alifanya kazi katika duka la vitabu mjini Philadelphia lililopewa jina la riwaya ileile ya Baldwin. Alizitazama rafu, akaona jinsi sauti za wanaume weusi wapendao wanaume, kama yeye, zilivyokuwa haba, akakusanya maandishi yao katika kitabu kilichotoka mwaka 1986. Mwaka 1988 akafariki kwa Ukimwi akiwa na umri wa miaka 33, akiwa ameanza kitabu cha pili. Rafiki yake, mshairi Essex Hemphill, aliikamilisha kazi hiyo kwa msaada wa mama mzazi wa Beam, na kitabu kikatoka mwaka 1991. Hemphill naye alikufa kwa maradhi hayohayo mwaka 1995.

Katika prufu, Beam amefariki "baada ya kuugua kwa muda mrefu". Sote tunaijua sentensi hiyo. Tumeisoma katika matangazo ya vifo kwa miaka 40, na kila mmoja wetu ana jamaa aliyezikwa chini yake. Mama yule wa Philadelphia alimzika mwanawe kisha akasaidia kitabu cha mwanawe kikamilike, chenye jina la maradhi na jina la mapenzi ndani yake. Kama yeye aliweza kuyasema, sioni ni nani tunayemhifadhi kwa kutoyasema.

Ninajua mtakavyojibu, kwa kuwa mengine mmeshanijibu kwa mdomo.

Mtasema sheria. Hili silidharau. Kanuni ya Adhabu ya Kenya, vifungu vya 162 na 165, ingali inaadhibu matendo ya mapenzi baina ya wanaume, na Mahakama Kuu ilikataa kuvifuta tarehe 24 Mei 2019; Tanzania ina vifungu vyake vyenye adhabu kali zaidi. Lakini vifungu hivyo vinahusu matendo ya mwili, na hakuna mahali vinapomkataza mtu mzima kusoma shairi. Kifungu cha 33 cha Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 kinalinda ubunifu wa kisanaa na uhuru wa kitaaluma kwa kuvitaja kwa majina. Uganda ni jambo jingine: sheria yake ya mwaka 2023 inaadhibu kile inachokiita kuendeleza mapenzi ya jinsia moja, uchapishaji ukiwemo, na kifungo chake kinaweza kufika miaka 20. Kama mnaogopa kwa ajili ya muuza vitabu wa Kampala, mimi pia ninamwogopea, na nitakubaliana nanyi kesho asubuhi kwamba kitabu hiki kisipelekwe huko. Ninachokataa ni kuitumia hofu ya Kampala kumkatia msomaji wa Nairobi bila ya kumwambia.

Mtasema kwamba haya ni mambo ya Wazungu yaliyobandikwa juu ya weusi, na kwamba dibaji yenu imewalinda waandishi dhidi ya doa hilo. Mwaka 1968 Eldridge Cleaver, mwanamapinduzi mweusi aliyeandika kitabu chake gerezani, alimshambulia Baldwin kwa madai kwamba anawachukia watu weusi wenzake, na akayafunga madai hayo na mapenzi ya Baldwin kwa wanaume. Hebu yawekeni mambo mawili pamoja. Mchapishaji Mzungu alimwambia Baldwin kwamba kwa kuwa ni mweusi asiandike mapenzi haya. Mwanamapinduzi mweusi akamwambia kwamba kwa kuwa ana mapenzi haya, weusi wake una kasoro. Baldwin aliishi kati ya hukumu hizo mbili hadi alipofariki mwaka 1987, na vitabu vyake ni jibu lake kwa zote mbili. Ninyi mmezichukua zote mbili mkazitumia kwa wakati mmoja: ya kwanza kuondoa sura ya riwaya, ya pili kuandika dibaji.

Wala hatuhitaji kwenda Harlem kwa hilo. Januari 2014 Binyavanga Wainaina, mwandishi wa Kenya mzaliwa wa Nakuru, aliandika kile alichokiita sura iliyopotea ya kitabu chake cha kumbukumbu, akimwambia mama yake, ambaye alikuwa amekwisha kufariki, jambo ambalo hakuwahi kumwambia alipokuwa hai: kwamba anawapenda wanaume. Hakulisema kwa Mzungu. Alilisema kwa mama. Alifariki Nairobi tarehe 21 Mei 2019, siku 3 kabla ya hukumu niliyoitaja. Aya yangu juu yake katika maneno ya mwisho ya kitabu imefutwa kwa hoja kwamba mkusanyiko ni wa Wamarekani, na hoja hiyo ningeikubali kama aya iliyoitangulia, inayomsifu mwandishi mwingine wa Kenya, isingeachwa.

Mtasema kwamba kila mfasiri hubadilisha. Ni kweli. Mwalimu Nyerere alipofasiri tamthilia ya Shakespeare mwaka 1969 aliiita Mabepari wa Venisi, akamgeuza mfanyabiashara kuwa bepari, na wasomaji wamelijadili chaguo hilo tangu wakati huo. Wameweza kulijadili kwa sababu liko juu ya jalada, pamoja na jina la aliyelifanya. Mabadiliko yenu yako chini ya jina langu, nami sikuyafanya. Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, ambao Kenya na Tanzania zote ni wanachama, unampa mwandishi katika kifungu cha 6bis haki ya kupinga upotoshaji wa kazi yake unaoidhuru heshima yake, na haki hiyo haikuuzwa pamoja na ruhusa ya kufasiri.

Mmoja wenu aliniambia pembeni, kwa nia njema ninayoiheshimu, kwamba bodi ilikuwa ikinilinda mimi, mwanamke wa Kiislamu mwenye wajukuu, nisije nikasemwa mtaani. Nilimshukuru na ninamshukuru tena. Lakini mtaani kwetu nimeshasemwa kwa mengi, na ningependa safari hii nisemwe kwa maneno niliyoyaandika mwenyewe.

Ninaomba yafuatayo. Sehemu 3 katika shairi la Lorde zirudi kama nilivyoziandika, pamoja na wasifu wake, tanbihi ya zami na chanzo cha kifo cha Beam. Sura ya Baldwin na hadithi ya Nugent, pamoja na nukta zake, zirudi mahali pake. Na kama bodi haiwezi, kwa sababu za sheria au za soko, basi ukurasa mmoja mwanzoni mwa kitabu umwambie msomaji ni nini kimeachwa, ni nani aliyekiacha na kwa nini, ili anayetaka akatafute kwingine. Kama hata hilo haliwezekani, jina langu liondolewe kwenye jalada na ndani, nami nitarudisha malipo ya awali yote, kwa awamu mbili ikibidi, kwa kuwa sehemu yake nimeshaitumia.

Ninasubiri jibu la maandishi ndani ya siku 21 tangu barua hii itoke. Prufu zenye alama zangu za kijani mnazo, na kurudisha maneno yale 3 ya Lorde ni kazi ya dakika 10 kwa mtu mmoja aliyeketi mbele ya kompyuta.

Wenu kwa heshima,

Mfasiri wa mkusanyiko,
Mombasa